Mlima Hauonekani Kutoka Serengeti. Halafu Iweje?

Katika semina zetu za uzamili, wimbo "Africa" wa bendi ya Toto ya Marekani una kazi moja tu: kuletwa, kushtakiwa na kutiwa hatiani. Mashtaka ni mawili. Kwanza, mtunzi wake, David Paich, aliutunga bila kukanyaga bara analoliimba. Pili, wimbo unausimamisha Kilimanjaro juu ya Serengeti, ilhali kati yake kuna zaidi ya kilomita 200, na aliyeko Seronera hata apande juu ya mti hatauona mlima ule. Darasa linacheka, mwalimu anatikisa kichwa, tunahamia kwa Joseph Conrad.

Nimeichoka kesi hii. Si kwamba washtakiwa ni malaika. Ni kwamba tumefungua kesi ndogo ili tusiiguse kubwa.

Tangu lini kutofika mahali kukawa kosa la mtunzi? Shaaban Robert alituandikia Kusadikika, nchi inayoelea angani, na hakuna aliyemdai tiketi ya safari. Tena hawa jamaa hawakujificha. Jeff Porcaro, mpiga dramu wao na mtunzi mwenza, alieleza kwamba ni wimbo wa kijana mzungu anayejaribu kuiandika Afrika anayoijua kwa televisheni na kumbukumbu tu. Mtu amekwishakuambia kwamba anaota. Utamshika kwa uongo gani?

Kesi kubwa iko studio. Mjini Los Angeles, Porcaro na mpiga tumba Lenny Castro walikaa wakapiga mdundo mmoja kwa dakika kadhaa bila kusimama. Kisha wakausikiliza wote, wakachagua vipimo viwili vilivyonoga, wakakata ule ukanda wa kurekodia na kuziunganisha ncha zake ili uzunguke bila mwisho. Juu ya duara hilo ndipo vyombo vingine vikawekwa, kimoja baada ya kingine. Steve Porcaro, mdogo wake Jeff, akapanga mlio wa kalimba kwa kinanda cha Yamaha GS1, tabaka juu ya tabaka. Na baada ya jasho lote hilo wenyewe hawakuuamini. Mpiga gitaa Steve Lukather alisema wimbo ule ukivuma atakimbia uchi katika barabara ya Hollywood. Februari 1983 ukashika namba 1 Marekani.

Jambo la kuonea wivu hapo ni muda. Muda wa kupiga dakika nzima nzima ili uchukue sekunde chache. Muda wa kumaliza wimbo usioupenda. Ukanda wa kukata bila kuogopa kwamba hakuna mwingine.

Sasa njoo Dar es Salaam, miaka hiyohiyo. Mlimani Park, wana Sikinde, wanajaza kumbi. Wakitaka kurekodi, mlango mkuu ni studio ya Radio Tanzania. Bendi inaingia, inapiga yote kwa pamoja, waimbaji na vyombo, inatoka. Nchi haina kiwanda cha kufyatua santuri. Viwanda viko Nairobi, na mpaka wa Kenya umefungwa tangu 1977, utafunguliwa 1983. Basi wimbo ambao mji mzima unauimba kwa moyo unaishi ndani ya mkanda mmoja, kwenye rafu ya serikali, na unasikika pale redio inapoamua usikike. Mwanamuziki anategemea kiingilio cha ukumbini. Sheria iliyokuja kuzaa COSOTA, chombo cha kusimamia haki za wasanii, ni ya mwaka 1999.

Na ile kalimba? Wakati Steve Porcaro anaitafuta kwa vitufe, Hukwe Zawose, Mgogo wa Dodoma, alikuwa akiipiga ndugu yake, ilimba, na kuja kuifundisha vijana Bagamoyo. Hakuna aliyemwibia Zawose. Hawakuwa na habari naye. Lakini sisi tulikuwa nazo. Hata hivyo, albamu zilizomtangaza duniani zilitolewa Japani na Uingereza.

Tazama jinsi wimbo wa Toto ulivyotunzwa baada ya hapo. Mwaka 2018 bendi ya Weezer iliurekodi upya baada ya shabiki kijana kuwabembeleza Twitter. Mwaka 2019 msanii Max Siedentopf, mzaliwa wa Namibia, akaweka spika zinazotumia umeme wa jua katika jangwa la Namib ziupige bila kukoma. Mtandaoni umesikilizwa zaidi ya mara bilioni moja. Wimbo wa Toto umepewa hadi jangwa. Wa Sikinde unaombewa rafu isiyovuja.

Najua jibu litakalokuja: kwani hatuwezi kufanya yote mawili, kuwakosoa wageni na kutunza vyetu? Tunaweza. Ila hatufanyi. Nilipopeleka pendekezo la tasnifu kuhusu kanda za zamani za redio, swali la kwanza la jopo lilikuwa nitatumia nadharia ya nani. Hakuna aliyeuliza kanda zina hali gani, nani ana orodha, au mzee gani bado yu hai wa kusema nani alipiga besi kwenye wimbo upi. Mwenzangu aliyeandika kuhusu taswira ya Afrika katika filamu za Hollywood alipitishwa asubuhi hiyohiyo. Vifaa vyake vyote vilikuwa kwenye kompyuta yake.

Hapo ndipo ugomvi wangu ulipo. Kumcheka Paich ni kazi rahisi. Haihitaji nauli, kibali, wala kuvumilia vumbi. Tunaiita ukombozi wa fikra, lakini kitovu chake kinabaki Los Angeles: wao waliimba, sisi tunajibu. Mtu aliyekombolewa hatumii ujana wake wote kumsahihishia mwenzake ramani.

Wakati huo huo ukanda wa sumaku hausubiri tumalize semina. Joto la Dar linaula, unyevu unaula, na wazee waliopiga wanaondoka mmoja mmoja. Wimbo wa Toto utakuwepo miaka 50 ijayo, tuupende tusiupende. Hizi kanda hazina ahadi hiyo.

Paich hakufika Serengeti, sawa. Wengi wetu tunapita Barabara ya Nyerere kila siku kwa daladala, mbele ya jengo la redio, na hatujawahi kushuka.