Neno la Mhariri: Mwigizaji Mwenye Kalamu

Msanii anayeandika mchezo na kuuigiza mwenyewe ana mamlaka ambayo mwigizaji wa kuitwa hana, kwa kuwa ndiye anayeamua nani aseme, kwa lugha ipi na juu ya jambo gani. Nchini Ufaransa njia hiyo imepitiwa na Agnès Jaoui, mwandishi mwenza, mwongozaji na mwigizaji wa filamu ya Le Goût des autres (2000). Nchini Tanzania Amandina Lihamba wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam aliianza mapema zaidi, na safari yake ina funzo kwa wasanii wa Nachingwea na Ruangwa, kusini mwa nchi.

Tamthilia yake ya Hawala ya Fedha (1980) imetokana na hadithi ya Kifaransa ya Ousmane Sembène wa Senegal, ambamo mzee wa Dakar anatumiwa na mpwa wake aliyeko Paris hawala, yaani hati ya kulipwa fedha posta, lakini posta inadai kitambulisho, kitambulisho kinadai cheti cha kuzaliwa, na huku nyuma majirani wanakuja kukopa fedha ambayo hajaishika. Sembène aliigeuza hadithi hiyo filamu ya Kiwolofu mwaka 1968. Lihamba akaipa jukwaa la Kiswahili. Mkulima wa Ruangwa anayepeleka ufuta au korosho kwenye chama cha msingi, akapewa stakabadhi, yaani hati ya mzigo uliopokelewa ghalani, kisha akasubiri mnada wa chama kikuu cha RUNALI na malipo ya benki, hahitaji kufafanuliwa mchezo huo. Wala hahitaji kuelezwa kwa nini aliyebanwa na shida huuza kwa kangomba, ununuzi wa kificho wa bei ya kutupa.

Katika filamu ya Maangamizi (2001), iliyoongozwa na Martin Mhando na Ron Mulvihill, Lihamba aliigiza Samehe, mgonjwa aliyekaa hospitalini miaka mingi bila kutamka neno. Ukimya huo ndio alioupinga nje ya filamu, kwa kuwa mwaka 1996 yeye na Penina Mlama walianzisha Tuseme, mradi uliowawezesha wasichana wa sekondari kuyataja matatizo yao, kuyachambua na kuyatungia maigizo wao wenyewe.

Kusini haina upungufu wa wachezaji, kwani ngoma za Wamwera, Wamakonde, Wamakua na Wayao zimewalea vizazi na vizazi; kinachopungua ni maandiko ya hapa, na asiye na andiko lake ataendelea kuigiza visa vya wengine. Vikundi vya Nachingwea na Ruangwa havina haja ya kwenda mbali kutafuta kisa cha kwanza: vianze na stakabadhi iliyokunjwa mfukoni mwa mkulima, na viiandike kabla ya kuiigiza.