Jiwe la Pangoni na Fomu ya Msikitini



Wiki mbili zilizopita, baada ya sala ya Isha, vijana sita wa mtaa wetu hapa Nungwi walisimama mbele ya kamati wakiwa na ombi moja. Walitaka idhini ya kwenda kulivunja jiwe lililomo pangoni, kwenye maweni yaliyo nyuma ya makaazi. Nyundo walikuwa wameshaziazima.

Msomaji wa mjini atauliza ni jiwe gani hilo. Sehemu kubwa ya kaskazini na mashariki ya Unguja ni mawe ya matumbawe, ambayo zama za kale yalikuwa chini ya bahari, na maji ya mvua yameyatoboa mapango mengi. Baadhi ya mapango hayo watu wameyafanya mizimu. Pango la Kuumbi, karibu na Jambiani, limechimbwa na wataalamu wa mambo ya kale, na wanakijiji nao wana nadhiri zao mle mle. Pango letu sisi ni dogo na halina jina la kuandikwa vitabuni. Ndani yake limesimama jiwe kimo cha mtoto, na mbele ya jiwe hukosi kukuta chetezo, ubani, mayai na vipande vya kitambaa chekundu na cheupe.

Wazee wa zamani walikuwa na mvyale, mtu aliyejuwa wenyewe wa ardhi wasioonekana. Asiyepata ruhusa yake hakufyeka msitu mpya. Kwa itikadi hiyo ardhi ni hai: husikia, hukasirika, na hulipa kisasi kwa anayeichokoza. Dini hii haina kitabu wala msikiti, na hatujapata kumsikia mtu yeyote akisema kuwa yeye ni mfuasi wake. Wote wanaopeleka ubani pangoni tunasimama nao safu moja siku ya Ijumaa. Hapo ndipo penye ugumu.

Kwa upande wa hukumu, vijana wale hawakukosea. Kumtaka haja asiyekuwa Mwenyezi Mungu ni shirki, na jiwe halina udhuru. Katika Sahihi ya Bukhari, Abu Raja al-Utaridi anasimulia hali yao kabla ya Uislamu: waliabudu jiwe, wakipata zuri zaidi hulitupa la kwanza, na wakikosa jiwe hukusanya fungu la udongo, wakamkamulia kondoo maziwa juu yake, kisha wakalizunguka. Anayesoma habari hiyo hucheka, kisha akikumbuka mayai ya pangoni hunyamaza.

Kamati ilikuwa imeshaelekea kukubali, pale sauti ilipotoka nyuma ya pazia, upande wa wanawake. Alikuwa bibi mmoja ambaye mwenyekiti wetu humwamkia shikamoo. Aliuliza, "Wanangu, jiwe hilo mnalivunja kwa ajili ya tawhidi au kwa ajili ya kokoto?"

Hakuna aliyejibu. Sote tulijua kwamba mwezi uliopita alikuja mtu kutaka kununua mawe ya upande ule kwa ajili ya ujenzi, na kwamba wawili kati ya vijana sita hufanya kazi ya kupasua mawe. Hatusemi kuwa nia yao ilikuwa mbovu. Nia anaijua Mola wao. Lakini bibi alisema kweli nyingine ambayo sisi tuliosoma vyuoni huwa hatuisemi. Hofu ya mizimu, kwa ubatili wake wote, iliilinda miti. Watu walipoacha kuuogopa msitu hawakuanza kumwogopa Aliyeuumba, bali walianza kuukata.

Uislamu haukutufundisha kulichukia jiwe. Umar bin al-Khattab (r.a.) alilibusu Jiwe Jeusi huku akitangaza mbele ya watu kwamba ni jiwe tu, halidhuru wala halinufaishi, na kwamba asingelibusu lau si kumwona Mtume (s.a.w.) akilibusu. Mtume alisema kuhusu mlima Uhud kuwa unatupenda nasi tunaupenda. Qur'an inatwambia kuwa yapo mawe yanayoporomoka kwa kumwogopa Allah (Al-Baqarah, 74). Ardhi nzima tumefanyiwa msikiti na kitoharisho. Na wahenga wetu wa Kizimkazi, mwaka 500 Hijria, waliandika kwenye msikiti wao kwa jiwe la matumbawe, lilo jinsi moja na hili la pangoni kwetu. Jiwe halikuwa na kosa.

Basi tuliamua kwenda kuangalia kwanza. Tulikwenda wanne, baada ya Alfajiri. Mmoja wetu, na jina lake litabaki kwetu, alivua viatu alipofika mlangoni mwa pango. Tulipomtazama akavivaa tena.

Mbele ya jiwe palikuwa na mayai sita na karatasi iliyokunjwa chini ya kijiwe. Tuliifungua. Ilikuwa imechanwa kwenye daftari la madrasa yetu, na imeandikwa kwa herufi za Kiarabu zilizonyooka, kama tunavyozifundisha: jina la mtoto, na jina la mama yake, kama waganga wanavyotaka. Mtoto tunamjua. Hukaa safu ya mbele darasani, na kwa mwezi mzima alikuwa hakuja.

Tulimwomba yule bibi atangulie, kisha tukapiga hodi. Mama hakukana. Alisema mumewe yuko dago Pemba, mtoto ana homa isiyokwisha, hospitali alikwenda mara mbili, na ya tatu hakuwa na nauli. Msikitini alifika. Alipewa fomu.

Fomu hiyo inataka saini za wajumbe wawili, barua ya sheha na idhini ya mume. Aliyeiandika ni sisi, katibu wa kamati, na siku ile tulisifiwa kwa utaratibu mzuri. "Pangoni," alisema mama, bila ya hasira, "sikuulizwa mume yuko wapi."

Katika njia ya kwenda Hunayn, baadhi ya Masahaba waliokuwa wapya katika dini waliomba wawekewe mti wa kutundikia silaha, kama waliokuwa nao washirikina. Mtume (s.a.w.) aliwakemea kwa maneno mazito, akawafananisha na waliomtaka Musa awafanyie mungu. Lakini hakuwafukuza jeshini. Waliendelea na safari pamoja naye. Tulimweleza mama hukumu ya alilolifanya, bila ya kuipunguza, naye alilia na kuleta istighfari. Kisha tukampeleka mtoto hospitali siku ile ile. Sasa anakaa kitako na anakula uji.

Fomu imefutwa. Kuanzia wiki hii, kila Alkhamisi baada ya Alasiri, wanawake wawili waliochaguliwa na wenzao watakaa barazani kupokea wenye shida, na fungu la dharura liko mkononi mwao. Hesabu wataileta kwa kamati kila mwisho wa mwezi. Mjumbe mmoja alipinga kwa kuwa fedha zitachezewa. Tumeandika pingamizi yake katika kumbukumbu.

Vijana wamerudisha nyundo. Wamekubali kulisafisha pango, na maalim atawasomesha tawhidi pale pale mlangoni, ili wanaokuja na ubani wawakute watu. Mwenye kutaka kununua mawe amejibiwa kwa barua kuwa hayauzwi.

Karatasi mama alikwenda kuitoa mwenyewe, Jumatatu asubuhi, akaichoma. Mayai hakuyakuta, kunguru walikuwa wameshayawahi.