Mswidi aliyewatukana Wadenmark, wakampa tuzo

Ujirani mwema tumeuachia hotuba za wakubwa. Ernst-Hugo Järegård aliujenga kwa utani. Mwigizaji huyu, mzaliwa wa Ystad, Sweden, mwaka 1928, alikuwa na miongo mingi ya jukwaa na filamu pale Wadenmark walipomwita kuigiza katika tamthilia yao ya televisheni, Riget, mwaka 1994. Humo ni daktari mwenye majivuno, Mswidi katika hospitali ya Copenhagen. Hupanda juu ya paa, akaitazama kwao ng'ambo ya bahari na kuwaporomoshea wenyeji matusi. Kiswidi chake, Kidenmark chao, bila mkalimani. Anayevuka mpaka kila wiki anaujua utani huo kuliko waziri yeyote. Alifariki mwaka 1998, daraja la kuunganisha nchi hizo likiwa bado linajengwa.