Mkuki kwa Nguruwe

Nawasuta wazee wenzangu wa Dodoma, wala siwaombi radhi. Kwenye harusi za watu sisi ni wasemaji hodari. Tukipewa kipaza sauti tunayasifu mapenzi na kuwapongeza maharusi kwa kuchaguana wenyewe. Barua ya posa ikiletwa kwetu tunageuka: kijana kabila gani, anasali wapi, ana ng'ombe wangapi?

Yupo Mjapani aliyeichekesha dunia kwa tabia hii hii. Yasujiro Ozu alitengeneza sinema ya Higanbana mwaka 1958, ya kwanza kwake yenye rangi. Humo Bwana Hirayama anahutubia harusini, akiwasifu maharusi kwa kuoana kwa mapenzi. Kisha kijana mmoja anamfuata ofisini kumposa binti yake, Setsuko. Mzee anafura kwa kuwa hakuulizwa mapema. Ndipo Yukiko, rafiki wa binti, anapomtega: anajifanya yeye ndiye anayezuiwa na mama yake kuolewa na ampendaye. Mzee anamshauri asimsikilize mama. Yukiko anamshukuru, kwani ushauri huo ni wa Setsuko! Nilicheka sana, maana niliwaona majirani zangu.

Najua nitajibiwa kwamba hayo ni ya Wajapani, na Mgogo ana mila yake ya ng'ombe. Vema. Lakini ng'ombe wa mahari ya Kigogo walichangwa na ndugu wengi wa mume, wakagawiwa ndugu wengi wa mke, wa kuumeni na wa kukeni. Walifunga koo mbili. Baba anayedai thamani yao kwa noti, akazitia mfukoni peke yake, asijifiche nyuma ya mila. Anafanya biashara.

Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inasema ndoa ni muungano wa hiari, na kutolipwa mahari hakuitangui. Binti aliyetimiza miaka 18 halazimiki kupata ruhusa ya baba.

Sisemi wazazi wanyamaze. Tuulize, tuchunguze, tushauri. Ndiyo kazi yetu. Ila tusigeuze ushauri kuwa kufuli. Hata Hirayama mwishowe alihudhuria harusi, akapanda treni kwenda Hiroshima kuwaona wanawe.

Mzee mwenzangu, ile hotuba uliyompa binti wa jirani, mpe na wako.