Bibi Harusi, Usijichubue kwa Ajili ya Picha



Leo nasema na mabibi harusi, na zaidi nasema na mama zao, shangazi zao na masomo wanaowaweka ndani.

Mwezi uliopita alikuja dukani kwangu binti kupimwa gauni la harusi. Maji ya kunde, mzuri mashallah. Nikiwa na futi mkononi, shangazi yake akasema mbele ya watu: "Nyeupe itamzidisha weusi. Lakini usijali, krimu tumeshamtafutia." Binti akainamisha kichwa. Aliporudi kujaribu gauni, mashavu yamebabuka, na kioo hakutaka hata kukitazama.

Jamani, tunafanya nini? Mkorogo tunauita urembo, na mara nyingi ndani yake mna zebaki, haidrokwinoni au dawa za steroidi. Zebaki hupenya kwenye ngozi ikadhuru figo, na kwa mja mzito humfikia mpaka mtoto tumboni. Tunampeleka mwari kwa mumewe na sumu mwilini, halafu tunamuombea kizazi chema!

Msiniambie ni mila. Mila yetu ni singo: asmini, mlangilangi, waridi, liwa. Singo humlainisha mwari na kumnukisha, wala haijapata kumwambia rangi yake ina kasoro.

Msiniambie ndivyo wanaume wanavyotaka. Dini imemruhusu mposaji kumtazama anayemposa. Huyu alimtazama, akaridhika, akaleta posa. Sisi ni nani tumgeuze?

Na mimi sijitoi. Nimewahi kumwambia bibi harusi kuwa kitambaa cheupe hakimkubali. Nilikosea, na namuomba radhi popote alipo. Gauni hukatwa kufuata mwili, mwili haukatwi kufuata gauni. Kama nguo haimkai mtu, kosa ni la fundi.

Katika Surat At-Tin Allah ametujulisha kuwa amemuumba mwanadamu kwa umbo lililo bora. Kila tunapomwambia binti "mweusi mno", "mnene mno", "huna umbo", tunamkosoa nani?

Shangazi, ukimwona mwari sema mashallah, kisha nyamaza.

Na wewe mdogo wangu, kama umeshaanza kupaka, usione haya, kamwone daktari wa ngozi mapema. Picha ni za siku moja. Ngozi hiyo utazeeka nayo.

Wabillahi tawfiq.