Chaosium Yatimiza Miaka 50: Heko kwa Walioipa Miungu ya Kubuni Waumini Wake

Imetimia nusu karne tangu Greg Stafford aanzishe kampuni ya Chaosium huko California, mwaka 1975, ili achapishe mchezo wa mezani alioubuni mwenyewe, White Bear and Red Moon. Tunawapongeza kwa moyo mkunjufu wote waliopitia nyumba hiyo. Kampuni za kuuza dadu na vitabu vya kanuni ni nyingi. Chaosium ndiyo iliyolishikilia kwa dhati kuliko nyingine swali gumu kuhusu mungu wa kubuni: ni nani anayemwabudu, amemfuatia nini, na anadaiwa nini?

Stafford alianza kuusimulia ulimwengu wake, Glorantha, mwaka 1966, akiwa bado mwanafunzi wa chuo. Humo Jua ni mfalme aitwaye Yelm, na aliyemuua ni Orlanth, mungu wa dhoruba. Mauaji hayo yakazaa vita vya miungu, mpangilio wa mambo ukapasuka, na kwenye nyufa hizo ikapenya Vurugu, kitu kisichokuwa na mahali pake popote ulimwenguni. Muuaji mwenyewe ndiye aliyeshuka kuzimu kwenda kumtafuta Yelm na kumlipa haki yake. Miungu ikafanya mapatano, na hapo ndipo Wakati ukaanza kuhesabika. Ukishaisikia hadithi hiyo, kila macheo ya Glorantha yanakukumbusha deni lililolipwa.

Mwaka 1978 ulimwengu huo ukapata mchezo wa kuigiza wahusika, RuneQuest, na mwaka uliofuata kikatoka kitabu cha Cults of Prax, alichokiandika Stafford pamoja na Steve Perrin. Hicho tunakihesabu kuwa mchango mkubwa. Kabla yake, katika michezo mingi mungu alikuwa jina tu lililoandikwa pembeni mwa jina la kuhani. Sasa kila mungu akawa na kisa chake, sikukuu zake, miiko yake, wenzake na mahasimu wake, na muumini akajua anatoa nini na anapata nini. Mwaka 1981 kitabu cha Cults of Terror kikawafanyia hivyohivyo wafuasi wa Vurugu. Hata anayeinamia kinachobomoa ulimwengu alielezwa kwa makini, kama mtu mwenye imani na desturi zake.

Mwaka huohuo Sandy Petersen akaiandikia kampuni mchezo wa Call of Cthulhu, uliojengwa juu ya hadithi za H. P. Lovecraft, mwandishi wa Providence, Marekani, aliyefariki mwaka 1937. Huko tunakutana na Azathoth, anayetokota katikati ya yote bila akili wala nia, na Nyarlathotep, mjumbe wake mwenye sura elfu. Petersen aliuhesabu utimamu wa akili kwa asilimia. Mchezaji anayeona kisichostahili kuonekana huupunguza, na kadiri anavyojifunza siri za miungu hiyo ndivyo kikomo cha utimamu wake kinavyoshuka, asiweze kukipandisha tena. Maarifa yanalipiwa kwa akili. Hatujui kanuni ya mchezo iliyobeba maana nzito kuliko hiyo, na haishangazi kwamba Japani, mbali sana na Providence, mchezo huu una wapenzi wengi mno.

Lipo jambo linalotugusa sisi wa huku Afrika moja kwa moja. Mwaka 1984 Chaosium ilitoa Masks of Nyarlathotep, kazi ya Larry DiTillio na Lynn Willis. Ni safari ndefu ya mwaka 1925 inayowachukua wapelelezi, yaani wahusika wa wachezaji, New York, London, Cairo, Kenya na Shanghai. Nairobi wanaweza kukutana na Johnstone Kenyatta, kwa jina alilolitumia Jomo Kenyatta siku hizo. Huko Kenya pia wamo wafuasi wa Ulimi wa Damu, wanaomwabudu Nyarlathotep katika mlima wa kubuni.

Hapa hatuwezi kusifu tu. Lovecraft aliwabagua watu weusi waziwazi, na katika hadithi yake ya Cthulhu waabudu wa kutisha ni watu weusi na machotara. Mchezo uliojengwa juu yake ulirithi sehemu ya sumu hiyo, na Mwafrika anayeua kwa ajili ya mungu wa giza ni picha tuliyochorewa na wakoloni kwa muda mrefu mno. Ni haki pia kusema kwamba katika Masks walioifungulia njia hila ya wafuasi wa Nyarlathotep ni pamoja na tajiri wa New York na Mwingereza mwenye cheo. Toleo la mwaka 2018 liliipitia upya kazi nzima, na mwaka 2020 Chaosium ilichapisha toleo la pili la Harlem Unbound la Chris Spivey, ambamo Wamarekani weusi ndio wapelelezi na ubaguzi ni hatari kama miungu yenyewe.

Kampuni imepita pagumu. Mwaka 2015 iliyumba kifedha hadi Stafford na Petersen wakarudi kuiokoa. Stafford alifariki mwaka 2018, Perrin mwaka 2021, na kazi inaendelea.

Ombi letu kwa Chaosium ya miaka ijayo ni moja: sura ya Kenya katika Masks apewe mwandishi aliyekulia Kenya. Nairobi ya mwaka 1925 ilikuwa na miaka mitatu tu tangu polisi wawapige risasi watu waliokusanyika kudai mpigania haki Harry Thuku aachiliwe. Mwanamume Mwafrika alitembea na kipande, kitambulisho cha lazima, shingoni, na bila hicho hakuwa na ruhusa ya kuvuka mtaa, sembuse kufuatilia siri za ulimwengu. Mpelelezi wa aina hiyo, mwenye kipande chake na mizimu ya kwao, bado tunamsubiri mezani.