Leseni, Lango na Askari

Mfanyabiashara anayekata leseni na kulipa kodi hufunga ahadi na Serikali. Yeye huahidi kutii sheria, na Serikali huahidi kwamba sheria hiyo hiyo itamlinda. Lango lake likizibwa na kundi la watu, hata kama watu hao ni wanachama wa chama halali cha wafanyakazi, anayo haki ya kumwita askari, na askari anao wajibu wa kuja.

Jambo hili si dogo katika pwani yetu ya Kilwa na Lindi. Unga, saruji na mafuta ya ndugu zetu wa Songo Songo na Kilwa Kisiwani havina barabara nyingine ila maji. Gati likifungwa kwa siku tatu, tajiri hupungukiwa faida. Lakini mama wa kisiwani hupungukiwa chakula, na mgonjwa hukosa chombo cha kumvusha. Tena shughuli zinaongezeka. Gesi ya Songo Songo imekuwa ikizalisha umeme tangu mwaka 2004. Jiwe la msingi la bandari ya uvuvi ya Kilwa Masoko liliwekwa mwaka 2023. Na huko Likong'o, karibu na mji wa Lindi, ardhi imetengwa kwa ajili ya mradi mkubwa wa gesi. Penye ajira nyingi hapakosi migogoro. Ni heri tujiandae sasa.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 imeliweka jambo hili wazi. Mfanyakazi anayo haki ya kugoma, lakini kwanza shauri lipelekwe kwenye Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo hupewa siku 30 za kusuluhisha. Kisha wanachama wapige kura, na mwajiri apewe notisi ya saa 48. Katika huduma za lazima, kama maji, umeme na afya, kugoma kumewekewa mipaka mikali zaidi. Kifungu cha 76 kinakataza kuweka kizuizi cha wagomaji langoni, kumfungia mwajiri ndani, au kumzuia asiingie katika eneo lake.

Lakini kifungu hicho hicho kina upande wa pili, ambao baadhi ya waajiri hupenda kuusahau. Mgomo ukiwa halali, mwajiri haruhusiwi kuleta watu wengine kushika kazi za waliogoma. Basi askari anayesindikiza lori lililojaa vibarua wa namna hiyo halindi leseni. Anasaidia kuivunja sheria.

Historia imetufundisha pande zote mbili. Baada ya Mwongozo wa TANU wa mwaka 1971, wafanyakazi katika viwanda kadhaa waliwafungia nje mameneja wao, na Serikali ikalazimika kuingilia kati. Mwezi Julai 1986, polisi waliitwa kwenye mgogoro katika kiwanda cha sukari cha Kilombero, na wafanyakazi wakauawa kwa risasi. Ghadhabu ya langoni ilizimwa siku hiyo, lakini madai yaliyoiwasha hayakujibiwa kwa risasi, wala hayawezi kujibiwa hivyo.

Maoni yetu ni haya. Kazi ya polisi ni kuweka njia wazi: anayetaka kupita apite, na anayetaka kukaa nyumbani kwa mgomo halali akae bila kutishwa. Nani ana haki katika mshahara si swali la askari. Ni la Tume, na la Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi. Tunawaomba wakuu wa wilaya na makamanda wa polisi wahakikishe kwamba askari anayetumwa langoni anakijua kifungu cha 76 chote, wala si nusu yake. Tume nayo iwafikie watu wa pwani na visiwani upesi, kwa maana shauri linalocheleweshwa ndilo huzaa vizuizi.

Nanyi viongozi wa vyama vya wafanyakazi, silaha yenu ni umoja na kura, si mnyororo wa lango. Mnaoufunga mlango wa gati mnawafungia pia jamaa zenu walio ng'ambo ya maji. Wahenga walisema, fahali wawili wapiganapo ziumiazo nyasi. Visiwa vyetu vimechoka kuwa nyasi.